Mzigo Umekamatwa Forodhani: Hesabu Siku Kabla Hujapanda Basi

Mmezoea kusoma hapa habari za viwavijeshi, nafasi za kupandia mananasi na jinsi ya kuchanganya dawa ya pamba. Leo mnivumilie, natoka shambani kidogo naingia kwenye sheria. Sababu ni kwamba msimu huu simu nyingi ninazopigiwa zinafanana, na karibu zote zinaanza hivi: "Mtaalamu, mzigo wetu umekamatwa mpakani, tufanyeje?"

Mara ya kwanza kuulizwa swali hilo nilijibu vibaya. Jibu langu lilichangia kikundi cha watu kumi na wawili kupoteza pampu mbili. Nitaanza na hilo ili msinione kama mtu anayefundisha kutoka juu ya mti.

Kikundi chenyewe kinalima nyanya na tikiti maji upande wa ziwani. Walichanga msimu mzima, wakamtuma mwenyekiti wao Kampala akanunue pampu mbili za petroli na mipira ya kumwagilia kwa matone, kwa kuwa walisikia bei ya kule ni nafuu kuliko Mwanza. Mwenyekiti alinunua, akapewa risiti ya dukani, akampa mzigo dereva wa lori aliyekuwa anarudi Tanzania. Dereva akamwambia, "Wewe panda basi uende zako, mimi nitakupitishia." Ndugu zangu, neno "nitakupitishia" mkilisikia lishtukieni. Mzigo haukuandikishwa popote. Ukakutwa chini ya bidhaa nyingine, ukakamatwa, na lori lenyewe likazuiliwa.

Baada ya siku sita mwenyekiti akapata karatasi ya notisi, ya Kiingereza, ukurasa mmoja. Akanipigia. Nikamwambia, kwa ujasiri kabisa, "Usiwe na haraka, hao ni binadamu, nenda mkae mkaongee." Akaenda. Akaongea. Alipokelewa vizuri tu, akaambiwa alete risiti na maelezo ya maandishi. Akarudi nyumbani, nyanya zikawa zimeiva, soko la Katoro linasubiri, akasema amalize kuvuna kwanza. Siku ya thelathini na saba tangu apokee ile notisi tukaenda pamoja, risiti mkononi, mimi na kitambulisho changu cha kazi. Afisa alitusikiliza, akafungua jalada, akatuuliza swali moja: "Barua yenu ya madai iko wapi?" Hatukuwa nayo. Akatueleza kwa upole kwamba muda umepita na kisheria mali ile si ya kikundi tena.

Sikuwa na la kusema. Nilipofika nyumbani niliisoma ile notisi kwa mara ya kwanza, maana kabla ya hapo nilisomewa tu kwenye simu. Mwezi mmoja umeandikwa pale, wala si kwa maandishi madogo.

Sheria yenyewe ni ipi

Watu wengi wanadhani mambo ya forodha yanaamuliwa na sheria ya Tanzania peke yake. Ukweli ni kwamba tunatumia sheria moja na majirani zetu, yaani Sheria ya Usimamizi wa Forodha ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya mwaka 2004. Ilianza kutumika pamoja na Umoja wa Forodha mwezi Januari 2005 kwa Tanzania, Kenya na Uganda, na Rwanda na Burundi wakaingia katika umoja huo mwaka 2009. Kwetu inasimamiwa na TRA kupitia Kamishna wa Forodha. Kwa hiyo ukikamatiwa Mutukula, Rusumo, Kabanga au bandarini Dar es Salaam, kitabu ni kile kile.

Kifungu cha kushika kichwani ni cha 214. Kinasema hivi, kwa maneno yangu. Afisa akikamata kitu na mwenye mali hayupo, anatakiwa ndani ya mwezi mmoja ampe mwenye mali notisi ya maandishi yenye sababu za kukamata. Kama kitu kilikamatwa mbele ya macho yako, notisi hiyo si lazima, kwa sababu umejionea mwenyewe. Notisi hiyo pia haitolewi kama ndani ya mwezi huo mtu ameshapelekwa mahakamani kwa kosa lile, au kosa limeshamalizwa kwa makubaliano. Hayo ya makubaliano nitayaeleza mbele.

Kisha inakuja zamu yako. Una mwezi mmoja, kuanzia siku ya kukamatwa au siku ya notisi, kumwandikia Kamishna kwamba mali ile ni yako na unaidai. Usipoandika, mwezi ukiisha mali inahesabiwa imetaifishwa. Yenyewe tu. Hakuna kikao kinachokaa, hakuna hakimu anayesoma hukumu, hakuna mtu anayekupigia simu kukukumbusha. Kalenda ndiyo inayokuhukumu.

Angalia neno "kuandika". Sheria inataka notisi ya maandishi. Kwenda ofisini mara tano, kupiga magoti, kumtuma diwani, kuongea na bosi wa bosi, vyote hivyo mbele ya kifungu hiki ni sawa na kukaa nyumbani. Simu na mazungumzo si mabaya, yanasaidia kuelewa tatizo liko wapi, lakini hayasimamishi siku hata moja. Hapo ndipo mimi nilipokosea, nikawakosesha na wenzangu.

Kuhesabu: tuseme mzigo umekamatwa tarehe 3 Machi wewe hupo, notisi ina tarehe 10 Machi. Mwezi wako unaishia karibu na tarehe 10 Aprili. Mimi sasa nawaambia watu wasahau kabisa mwezi, wahesabu siku kumi. Barua ya madai haihitaji uwe na ushahidi wote. Andika kwanza, ushahidi utafuata. Na kama hujui tarehe gani inahesabika, ya kukamatwa au ya notisi, chukua ile ya mapema zaidi, hutapata hasara.

Ukishaandika, kitu gani kinatokea

Hapa pana jambo ambalo wakulima wengi hawalijui, na mimi nilipolijua nilijilaumu zaidi. Kifungu cha 216 kinampa Kamishna miezi miwili tangu apokee madai yako. Ndani ya muda huo anaweza kukuandikia kwamba nenda ufungue shauri la kurudishiwa mali yako, na hapo nawe una miezi miwili ya kufungua. Au anaweza kufungua shauri mwenyewe ili mali itaifishwe. Kama miezi miwili ikipita hajafanya hili wala lile, mali inatakiwa iachiwe irudi kwako, isipokuwa kama ni bidhaa iliyopigwa marufuku au inayohitaji kibali maalumu. Umeona? Kalenda ile ile iliyotunyonga sisi, inambana na mwenzako vilevile. Lakini inaanza kumbana siku barua yako inapogongwa muhuri wa kupokelewa. Bila barua, yeye hana deni lolote kwako.

Ukiambiwa ufungue shauri ndani ya miezi miwili, usiende kulala. Ukishindwa kufungua, mali inataifishwa, na safari hii umeshindwa ukiwa ndani ya uwanja.

Wakati mnasubiri, sheria inaruhusu Kamishna akukabidhi mali kwa dhamana ya thamani yake. Ni hiari yake, lakini kuomba ni haki yako. Kwa mtu ambaye nyanya zake zinakauka, kuomba pampu itoke kwa dhamana wakati kesi inaendelea ni jambo la kuandika kwenye barua ile ile ya kwanza.

Je, kama bidhaa ni ya kuoza au ni mnyama? Tikiti, samaki, vifaranga, mbuzi? Sheria inaruhusu viuzwe haraka, kwa mnada au kwa makubaliano, na fedha zishikwe badala ya mali. Kwa hiyo ukisikia tikiti zako zimeuzwa usikate tamaa ukaacha kuandika. Unachodai sasa ni zile fedha, na masharti ya mwezi mmoja yanabaki vilevile.

Nani amekamata?

Hili lilipaswa kuwa la kwanza pengine, lakini nimeona nianze na siku kwa sababu ndizo zinazoua. Kabla hujaandika barua, soma karatasi uliyopewa ujue aliyekamata ni nani na ametaja sheria gani. Mpakani kuna ofisi nyingi ndani ya jengo moja, na mkulima akiona sare anasema "TRA wamenikamata" hata kama siyo.

Viuatilifu, yaani dawa za kuua wadudu, magugu na magonjwa, viko chini ya TPHPA na Sheria ya Afya ya Mimea ya mwaka 2020. Dawa ambayo haijasajiliwa Tanzania haipiti, hata kama umelipa ushuru wote na hata kama jirani zetu wanaitumia kila siku. Mbolea ni TFRA, kwa Sheria ya Mbolea ya mwaka 2009. Mbegu ni TOSCI, kwa Sheria ya Mbegu ya mwaka 2003. Mifugo na mazao yake ni wizara yenye dhamana ya mifugo, kwa Sheria ya Magonjwa ya Wanyama ya mwaka 2003. Kila moja ina utaratibu wake wa vibali na wa malalamiko, na ukipeleka barua ya forodha kwa mtu wa mbegu utapoteza muda wako tu.

Na tofauti si ya makaratasi pekee. Mnakumbuka vifaranga 6,400 vilivyoingia kutoka Kenya, vikateketezwa kwa moto pale Namanga mwishoni mwa Oktoba 2017? Watu walibishana sana, Kenya wakalalamika, wengine wakasema ni ukatili. Serikali ilisema vimeingia bila kibali na kuna hatari ya mafua ya ndege. Mimi sitaki kurudia ubishi ule. Ninachotaka ufugaji wetu ujifunze ni kasi yake. Sheria ya ugonjwa wa mifugo haikusubiri mwezi. Mwenye vifaranga hakuwa na nafasi ya kuandika barua ya madai akajibiwa baada ya miezi miwili. Mwezi huo huo wa Oktoba, ng'ombe zaidi ya 1,300 wa kutoka Kenya waliokamatwa mkoani Kilimanjaro walitaifishwa kwa amri ya mahakama, wakapigwa mnada. Kwa hiyo mfugaji, kwako kazi yote iko kabla ya kuvuka. Kibali cha kuingiza na cheti cha afya ya mnyama kutoka alikotoka ukivikosa, hakuna wakili atakayekimbia kuliko moto.

Karatasi ya kumaliza mambo

Wakati mwingine afisa atakuambia, "Kubali kosa, ulipe, tumalize." Hii ipo kisheria, ni kifungu cha 219, na kwa lugha ya sheria inaitwa kufifilisha kosa. Unakiri kwa maandishi kwamba umetenda kosa, unaomba limalizwe bila mahakama, Kamishna anaweka kiasi cha kulipa, na anaweza pia kuamua mali itaifishwe au irudi kwako.

Sisemi ni mbaya. Kwa kikundi changu hiki, nikiangalia nyuma, ndiyo ingekuwa njia bora kuliko zote. Mzigo haukuandikishwa, huo ndio ukweli, dereva wetu alificha. Tungeandika barua ndani ya mwezi, tukaomba kosa limalizwe, tukalipa kodi iliyokuwepo na faini juu yake, huenda pampu zingerudi. Ingeuma lakini zingerudi.

Ila ujue unasaini nini. Uamuzi wa namna hiyo ni wa mwisho, haukatiwi rufani. Ukishakiri kwa saini yako huwezi kesho kwenda kwa wakili ukasema "mimi sikufanya". Nimeshaona kijana mmoja aliyekuwa na stakabadhi zake zote halali, amelipa kila kitu, akasaini karatasi hiyo kwa sababu alikuwa na njaa na gari lilikuwa linamsubiri. Akalipa mara ya pili kitu alichokwisha kulipia. Kabla ya kusaini uliza mambo matatu na uandikiwe majibu: nalipa kiasi gani, mali inarudi au hairudi, na kosa ninalokiri ni lipi. Kama hujui kusoma lugha ya karatasi ile, omba muda umpate wa kukusomea. Hakuna sheria inayokulazimisha kukiri siku hiyo hiyo.

Mlango wa pili: ubishi wa kodi

Kuna mizigo ambayo haijakamatwa kwa kuficha, imezuiliwa kwa ubishi. Mama mmoja mfugaji wa kuku aliagiza kutoka China mashine ya kutotoleshea mayai. Ilipofika Dar es Salaam, akaambiwa bei iliyo kwenye ankara ni ndogo mno, ikapandishwa, na kodi ikapanda nayo. Huyu hakuniuliza mimi, nashukuru. Alimuuliza mwanawe anayesoma uhasibu.

Njia yake ilikuwa kifungu cha 229. Mtu asiyeridhika na uamuzi wa Kamishna anaomba uamuzi uangaliwe upya, kwa maandishi, ndani ya siku 30 tangu uamuzi utolewe. Kamishna naye ana siku 30 za kujibu kwa maandishi na kutoa sababu. Akikaa kimya siku hizo zikaisha, sheria inahesabu kwamba amekubali ombi lako. Mama yule aliandika siku ya tisa. Aliambatanisha ankara, uthibitisho wa benki kwamba fedha zilizotumwa China ni hizo hizo zilizo kwenye ankara, na mazungumzo yake na muuzaji aliyoyachapa kutoka kwenye simu. Hesabu ikarudiwa. Alilipa zaidi kidogo ya alivyotarajia, lakini mashine iko nyumbani kwake inazungusha mayai.

Kama jibu lingekuwa baya, hatua inayofuata ni Bodi ya Rufani za Kodi. Rufaa inapelekwa ndani ya siku 45 tangu ukabidhiwe uamuzi, na notisi ya kusudio la kukata rufaa inatakiwa mapema zaidi, ndani ya siku 30. Kutoka Bodi unakwenda Baraza la Rufani za Kodi, na kutoka hapo Mahakama ya Rufani, kwa hoja za kisheria tu. Usikimbilie Mahakama ya Wilaya kwa sababu iko karibu na stendi. Sheria ya Rufani za Kodi imeipa Bodi mamlaka ya kwanza na ya pekee kwa migogoro ya madai inayotokana na sheria za kodi ambazo TRA inazisimamia. Ukifungua pengine utaambiwa mahakama haina mamlaka, na wakati unahangaika kurudi kwenye mlango sahihi, siku zako zimekwisha.

Kugonga mlango usio sahihi si kosa la wakulima pekee. Mwaka 2008 kampuni ya Modern Holdings (EA) ilikwenda Mahakama ya Afrika Mashariki pale Arusha kuishtaki Mamlaka ya Bandari ya Kenya, kwa bidhaa zilizokwama Mombasa wakati wa vurugu za baada ya uchaguzi. Mahakama haikufika hata kwenye kuuliza bidhaa zilioza kwa kosa la nani. Mwezi Februari 2009 ilisema haina mamlaka, kwa sababu mamlaka ya bandari si nchi mwanachama wala si taasisi ya Jumuiya. Kampuni yenye mawakili, na bado. Nasikia watu vijiweni wanasema "nitawapeleka Afrika Mashariki". Mahakama ile inasikiliza madai ya nchi kuvunja Mkataba wa Jumuiya, na muda wake ni miezi miwili tu. Si mahali pa kudai pampu.

Mzigo wa kuthibitisha ni wako

Kwenye kesi nyingi anayelalamika ndiye anayethibitisha. Forodha ni kinyume. Kifungu cha 223 kinasema anayedai mali iliyokamatwa ndiye anayetakiwa kuonyesha kwamba imeingia kihalali na kodi imelipwa, na pia imetoka nchi gani. Afisa anaweza kukaa kimya, wewe ndiye unayefungua bahasha. Kwa hiyo bahasha isiwe tupu: risiti ya ununuzi yenye jina lako na maelezo ya bidhaa, namba ya mashine kama ipo, tamko la forodha, risiti ya malipo, na vibali kama bidhaa inahitaji. Hata pampu uliyonunua Katoro dukani, tunza risiti ya mashine ya EFD, kwa sababu siku moja utaulizwa barabarani umeitoa wapi.

Kuna jambo linawachanganya wengi kuhusu utaratibu rahisi wa wafanyabiashara wadogo wa Afrika Mashariki. Ni kweli, mzigo usiozidi dola 2,000 za Marekani, ulio kwenye orodha iliyokubaliwa, unavuka kwa cheti rahisi cha uasili bila ushuru wa forodha na bila kuhitaji wakala. Lakini bidhaa iwe imezalishwa ndani ya Jumuiya. Mahindi ya Uganda, ndiyo. Pampu iliyotengenezwa China ikauzwa Kampala, hapana. Haigeuki kuwa Mganda kwa sababu imelala dukani Kampala miezi sita. Mwenyekiti wetu alidhani risiti ya Kampala inatosha, na mimi nilidhani hivyo hivyo.

Na ukitumia wakala wa forodha, tumia mwenye leseni, kisha soma anachokijaza. Sheria inakuhesabu wewe mwenye mali kwa matamko ya wakala uliyemtuma. Akiandika uongo ili akupunguzie kodi, anayepoteza mashine ni wewe. Gari lililobeba mzigo wa magendo nalo linaweza kutaifishwa, kwa hiyo ukikodi fuso ya jirani ujue unaweka rehani na fuso yake.

Barua

Hii hapa, nakili kwa mkono kama huna pa kuchapisha. Andika jina, anwani, simu na tarehe juu, kisha:

*Kamishna wa Forodha,*
*Kupitia: Afisa Mfawidhi, Kituo cha Forodha cha ……*

*YAH: MADAI YA MALI ILIYOKAMATWA TAREHE ……*

*Mimi/Sisi …… ni wamiliki wa mali ifuatayo: …… (taja kila kitu, idadi, aina na namba). Mali hiyo ilikamatwa tarehe …… mahali …… na nilipokea notisi namba …… ya tarehe …….*

*Kwa barua hii natoa notisi ya kudai mali hiyo kwa mujibu wa kifungu cha 214 cha Sheria ya Usimamizi wa Forodha ya Jumuiya ya Afrika Mashariki, 2004. Sababu za madai yangu kwa kifupi ni …… Naambatanisha …… na vielelezo vingine nitaviwasilisha.*

*Naomba pia, wakati shauri hili likisubiri, nikabidhiwe mali hiyo kwa dhamana. Kama kuna uamuzi wowote wa Kamishna uliofanyika juu ya mali hii, naomba uangaliwe upya kwa mujibu wa kifungu cha 229.*

Saini. Kama ni kikundi, saini ya mwenyekiti na katibu, na nakala ya cheti cha usajili. Chapa nakala mbili, moja wanabaki nayo, nyingine wanaigonga muhuri wa kupokelewa wenye tarehe na wewe unaondoka nayo. Mtu akikuambia "acha tu hapo mezani", mwombe kwa heshima akugongee muhuri, na usiondoke mpaka agonge. Ile nakala yenye muhuri ndiyo mali yako mpaka mali yenyewe irudi.

Barua hii inakufungulia mlango tu. Mzigo ukiwa wa thamani kubwa, au ukishaambiwa ufungue shauri, tafuta wakili. Usiye na uwezo, kuna wasaidizi wa kisheria wanaotambuliwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017, ofisi ya maendeleo ya jamii ya halmashauri yako itakuelekeza walipo. Na kama mzigo wako haujakamatwa ila umelala kwenye ghala la forodha kwa sababu hujamalizia kulipa, hilo nalo lina saa yake: baada ya siku 30 ghalani hutolewa tangazo, na zikipita siku 30 nyingine unaenda mnadani.

Kikundi kile bado kinamwagilia kwa ndoo. Mwezi uliopita walichanga tena, safari hii wananunua Mwanza, kwa risiti. Mwenyekiti alinitumia picha ya ankara kabla hajalipa, akaniomba niisome neno kwa neno, nikaisoma.

Mwenye notisi nyumbani ambayo hajaielewa, Jumatano niko ofisi ya kata kuanzia saa tatu asubuhi. Njoo nayo karatasi yenyewe, usije kunisimulia.